Yule wa Glee ni Finneas mwenyewe

Kwa wale wanauliza kama yule muigizaji mtoto wa Glee, ile series ya TV ya Marekani, ndio Finneas prodyusa: eeh ni yeye, yule Alistair ndio Finneas O'Connell, brathe mkubwa wa msanii Billie Eilish na ndio anamprodyusia ngoma zake. Cheki majina ya waigizaji msimu wa 6, 2015, utampata, na kabla ya hapo alikuwa ameigiza filamu ya Life Inside Out na mamake Maggie Baird. Albamu ya kwanza ya Billie karibu yote waliirekodia chumba cha kulala cha Finneas huko Los Angeles, na sisi tunaorekodi kwa bedsita hapa mtaa wa Umoja, Nairobi, hiyo inatupa moyo sana, halafu tuzo za Grammy za 2020 Finneas akachukua prodyusa bora wa mwaka na alikuwa miaka 22 tu. Lakini kumuita muigizaji mtoto ni kuvuta kidogo, amezaliwa 1997, kwa Glee alikuwa tineja tayari.