Usitazame filamu ya kimya ya samurai ikiwa kimya

Mara ya kwanza kutazama Orochi, filamu ya Kijapani ya 1925, nilizima kompyuta hata dakika ishirini hazijafika. Watu wanafumbua midomo kama samaki, husikii kitu. Nikaona hii si yangu.

Kumbe Wajapani wenyewe hawakuzitazama hivyo. Ukumbini kulikuwa na benshi, msimulizi anayekaa kando ya pazia na kuwasemea wahusika, mwanamke na mzee, huku akitia chumvi yake. Benshi wengine walikuwa na majina makubwa kama waigizaji. Tuliokulia kwenye vibanda umiza vya Dar, tukimsikiliza DJ akitafsiri filamu ya Kichina kwa mbwembwe, tunaujua mchezo huu. Kwa hiyo tafuta nakala yenye sauti ya benshi. Kijapani sikijui, lakini pumzi yake tu inakuonyesha mtu kakasirika au kavunjika moyo.

Pia usiingie kwenye filamu za Chushingura, yaani kisasi cha samurai 47, bila kujua kisa. Zile alizoongoza Makino Shozo miaka ya 1910, akicheza Onoe Matsunosuke, hazikufafanulii. Kamera imesimama pale pale kama mtazamaji wa jukwaani, na kisa hakielezwi, kwa sababu kila aliyekata tiketi alikijua tangu utotoni. Mwaka 1701 bwana Asano alimjeruhi ofisa Kira ndani ya kasri la Edo (Tokyo ya leo), akaamriwa kujiua siku hiyo hiyo. Samurai wake 47, wakiongozwa na Oishi, walivumilia karibu miaka miwili, wakavamia nyumba ya Kira, wakakipeleka kichwa chake kwenye kaburi la bwana wao. Ukishakijua, hata mtu aliyekaa tu bila kusema anakutia simanzi.

Halafu ndipo urudi kwenye Orochi. Hapa uaminifu haulipi. Heizaburo, anayechezwa na Bando Tsumasaburo, kila akitenda jema linageuka balaa. Mwalimu wake mwenyewe anamfukuza. Mwishoni anamuua mnafiki aliyeheshimiwa na mji mzima, ili kumwokoa mwanamke aliyempenda, ambaye sasa ni mke wa mtu.

Pambano linalofuata usilitazame kwenye simu, nakusihi. Askari wanamiminika na kamba kutoka kila upande, ni wadogo mno kwenye kioo kile. Akishafungwa, umati unamzomea. Wanandoa wale tu ndio wanaoujua ukweli.