IgG kubwa ya Epstein-Barr: je, virusi vimeamka?

Pole kwa uchovu huo wa miezi, dada. Unauliza kama IgG kubwa (kingamwili zinazobaki mwilini muda mrefu) ya Epstein-Barr, virusi vinavyoleta homa ya tezi, ina maana virusi vimeamka. Kwa majibu uliyoyaandika, sioni hivyo. Yasome kwa pamoja: VCA IgM (kingamwili za mwanzo dhidi ya ganda la virusi) hasi, VCA IgG chanya, EBNA IgG (kingamwili dhidi ya protini ya kiini ya virusi) chanya. Hayo ni maambukizi ya zamani. EBNA ndiyo hukata mzizi wa fitina, maana kingamwili zake huchelewa. Hujitokeza miezi 2 hadi 4 baada ya dalili kuanza, kisha hubaki maisha yote.

Zaidi ya asilimia 90 ya watu wazima wanavyo virusi hivi, vimejificha kwenye seli B (aina ya chembe nyeupe za damu), na mara nyingine hutoka kwenye mate bila mwenyewe kuhisi lolote. Namba kubwa ya IgG haipimi ukali wa ugonjwa, kwa hiyo usilipie kipimo hicho tena. Kuamka kwa kutisha huwapata zaidi wenye kinga dhaifu, mfano waliopandikizwa figo, na hao hupimwa wingi wa virusi kwenye damu kwa PCR, kipimo kinachotafuta vinasaba vya virusi.

Mwombe daktari aangalie damu, madini ya chuma, thairoidi na sukari. Usingizi nao usiusahau. Homa isiyoisha, kukonda au tezi zinazozidi kuvimba, usingoje miadi.