Njegere kavu za dal: kuloweka si lazima
Ukiuliza kama njegere kavu za dal (ule mchuzi mzito wa Kihindi) lazima zilowekwe usiku kucha, hapana, usiku kucha wa nini, zile zilizopasuliwa hazina ganda kwa hiyo zinaiva zenyewe kama dakika 45 hadi saa moja hivi, ukiloweka unapunguza muda tu. Zikibaki ngumu mara nyingi ni nyanya au ndimu imetiwa mapema, uchachu unazuia zisilainike, mie nishaharibu sufuria nzima hivyo hivyo 😅 Chemsha kwanza na manjano na tangawizi mpaka zivurugike, afu kaanga bizari nzima, kitunguu saumu na pilipili kavu kwenye samli umwagie juu, hapo ndo ladha ya Kihindi inapotokea, ndimu mwisho kabisa. Ila kama zimekaa stoo miaka, hizo hata presha kuka itahangaika.