Elgon kutokea Kitale: utafika kilele gani, na uje mwezi gani?

Umeuliza kama ukipanda Elgon kutokea Kitale mwezi wa Desemba utafika juu kabisa, na mbona mlima wenyewe ukiutazama kutoka mjini unaonekana kama mwinuko mrefu tu. Mimi ni mkaaji wa huku na nimeupanda kupitia lango la hifadhi la Chorlim, kiangazi na masika.

Juu kabisa hutafika. Kilele kikubwa ni Wagagai, mita 4,321, na kiko Uganda. Sisi huku Kenya tunapanda Koitobos, mita 4,222, mwamba wa basalti uliokatika bapa juu. Tofauti haifiki mita 100, ila katikati kuna kaldera, yaani bonde la kilele cha volkano kilichodidimia, yenye upana wa kilomita 8 hivi, na mpaka wa nchi juu yake. Anayeitaka Wagagai na aanzie Mbale, upande wa Uganda, asijisumbue.

Kuonekana mfupi ni uzee. Volkano hii ilianza kulipuka zaidi ya miaka milioni 20 iliyopita, ilhali Mlima Kenya na Kilimanjaro ni wa miaka milioni chache tu. Mvua na mito imeuparura muda huo wote. Upana wa chini lakini haukupungua: ni kama kilomita 80. Ndiyo maana ukiwa Kitale tayari uko miguuni pake, na macho hayapati pa kuukamata.

Usipite bila kuona pango la Kitum. Mwamba wake ni majivu na vifusi vya volkano vilivyogandamana, na ndani mna chumvi. Ndovu huingia usiku, gizani kabisa, wakaumega ukuta kwa pembe na kuutafuna. Mikwaruzo hiyo unaiona kwa tochi, mingine juu ya kimo cha mtu, na sakafuni kuna kinyesi chao kilichokauka. Lakini ishia karibu na mdomo wa pango. Mwaka 1980 na 1987 watu wawili waliougua Marburg, homa kali ya virusi, na kufa walikuwa wamelitembelea pango hilo, na popo, ambao hubeba virusi hivyo, bado wamejaa humo. Wengine watakwambia ni maneno tu. Mimi huko ndani siendi.

Desemba umechagua vizuri. Kuanzia Aprili hadi Oktoba mvua haina mchezo, na barabara ya msituni inakuwa utelezi mtupu hata kwa gari linalovuta magurudumu yote manne. Hata kiangazi, anza alfajiri: asubuhi anga huwa safi, ikifika saa saba mawingu yameshapanda, na huko juu huja na mvua ya mawe.

Baridi usiidharau. Joto hupungua kama digrii 6 kwa kila mita 1,000, kwa hiyo Koitobos ina baridi kuliko Kitale kwa digrii 14 hivi. Usiku nyasi zinakuwa nyeupe kwa jalidi, na lobelia kubwa, mimea ya huko juu, zinafunga majani kulinda kichipukizi cha katikati.

Ukiwa na siku ya ziada, shuka ndani ya kaldera hadi chemchemi za maji moto, pale mto Suam unapotokea kuelekea Turkwel na Ziwa Turkana. Kurudi ni kupanda tena, na mwinuko huo ndio unaowachosha watu kuliko Koitobos. Uliza hali ya njia langoni kabla hujaondoka.