Kwa nini majahazi yalipungua Bandari ya Kale

Ndugu, umeuliza kama ni reli peke yake iliyoua shehena za majahazi pale Bandari ya Kale ya Mombasa. Hapana. Reli iliyoanza kujengwa 1896 ilivuta meli kubwa kwenda bandari ya Kilindini, kwenye kina kirefu, lakini majahazi yaliendelea miongo mingi baadaye kwa sababu yalikuwa na mzigo wao.

Yalishuka kutoka Uarabuni na Ghuba ya Uajemi kwa pepo za kaskazi, Desemba hadi Machi, yakileta tende, chumvi, papa mkavu na mazulia. Yakarudi pepo za kusi zinapoanza, Aprili, yamejaa boriti za mikoko za Lamu, zikihesabiwa kwa korija, yaani 20. Boriti ndizo zilizolipa safari ya kurudi! Ghuba ilipotajirika kwa mafuta ikajenga kwa zege na chuma, soko likapungua. 1982 Kenya ikapiga marufuku kuuza boriti nje. Makontena nayo yakachukua kilichobaki.

Na jahazi lisilo na kazi halihifadhiki: mbao zikikauka husinyaa na kalafati, yaani pamba inayoziba nafasi kati yake, hulegea, na deheni ya mafuta na chokaa isipopakwa upya, chini huliwa na wadudu wa baharini.