Barua kwa mwanangu kuhusu asilimia kumi na tano

Kimara, Dar es Salaam

Mwanangu mpendwa,

Salamu zako tumezipata na sote hatujambo. Umeniuliza jambo ambalo naona linakukera tangu ulipopokea mshahara wako wa kwanza huko halmashauri: iweje sisi wazazi wenu tulisomeshwa na Serikali bila kudaiwa hata senti, nanyi mkatwe asilimia 15 ya mshahara kurejesha mkopo wa chuo mara tu mnapoajiriwa, na je, si haki madeni haya yafutwe kabisa? Nimelifikiria kwa muda, na kwa kuwa nimeishi kwa kazi ya uhasibu mpaka nilipostaafu, utanivumilia nikijibu kwa hesabu.

Nianze na kusoma bure. Ni kweli kwamba sisi tuliopita Mlimani, yaani Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, miaka ya themanini hatukulipa ada, na tulipewa chakula, malazi na posho. Lakini tulikuwa wachache mno, na tulitakiwa kwanza kupita Jeshi la Kujenga Taifa. Hata mwaka 1966, wanafunzi walipoandamana kupinga masharti ya jeshi hilo, Mwalimu Nyerere aliwafukuza karibu mia nne kwa mkupuo, kisha akapunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20 kwa kuwa walikuwa wamelalamikia mishahara ya wakubwa. Bure yetu ilikuwa na masharti yake, na iliwezekana kwa sababu vyuo vilikuwa vya kuhesabika na wahitimu walisubiriwa na ajira. Vyuo vilipoongezeka na uchumi ukayumba, Serikali ikaanza sera ya kuchangia gharama katika miaka ya tisini. Sheria ya Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu ikapitishwa mwaka 2004, na Bodi ikaanza kazi mwaka 2005. Bila mpango wa namna hiyo, wewe na wenzako wengi msingekanyaga chuo, nami siwezi kujifanya kwamba tungemudu.

Kuhusu kufuta madeni, sikubaliani nawe. Fedha unayorejesha ndiyo inayochanganywa na ile ya bajeti ili kumkopesha anayefuata, na safari hii anayefuata ni mdogo wako aliye kidato cha sita. Bajeti ya mikopo imekuwa ikipanda, kutoka shilingi bilioni 464 mwaka 2020/21 hadi bilioni 654 mwaka 2022/23, lakini waombaji nao wanaongezeka, hasa baada ya ada kuondolewa hadi kidato cha sita. Tukifuta, pengo litazibwa na kodi, na kodi hiyo inamhusu pia fundi cherehani wa Mbagala ambaye hakupata nafasi ya kusoma zaidi ya darasa la saba, naye hulipa kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 anaponunua sabuni. Sioni haki ya kumtwisha yeye deni la shahada yako.

Lakini katika namna unavyokatwa, hapo una hoja, na ndiyo ninayotaka uishikilie.

Chukua mshahara wa shilingi 800,000, ambao hauko mbali na wako. Mfuko wa pensheni unachukua asilimia 5, yaani 40,000. Inayobaki, 760,000, inatozwa kodi ya mapato, nayo inatoka 68,000. Bima ya afya, asilimia 3, ni 24,000. Kisha mkopo, asilimia 15 ya mshahara wote wa msingi, ni 120,000. Unabakiwa na 548,000, na mkopo umekuchukulia karibu mara mbili ya kodi. Mwenzako anayelipwa 500,000 ana hali mbaya zaidi: kodi yake ni 16,400 tu, lakini mkopo unamkata 75,000, zaidi ya mara nne. Anayelipwa milioni tatu, kwa upande wake, analipa kodi inayozidi makato yake ya mkopo. Sababu yake ni hii: sheria ya kodi huziacha shilingi 270,000 za kwanza bila kuzigusa, kwa kutambua kwamba mtu lazima ale kabla ya kuchangia Taifa, kisha hupandisha viwango hatua kwa hatua. Makato ya mkopo hayatambui hilo. Yanaanza na shilingi ya kwanza na kutumia kiwango kilekile kwa karani na kwa mkurugenzi.

Zamani kiwango kilikuwa asilimia 8. Marekebisho ya mwaka 2016 yakakipandisha hadi 15, hata kwa watu waliosaini mikataba yao wakati wa asilimia 8, jambo ambalo mpaka leo naliona ni doa. Juu yake palikuwa na tozo ya kulinda thamani ya mkopo, asilimia 6 ya deni kwa mwaka. Kwa deni la milioni 12, tozo hiyo peke yake ilikuwa 720,000 kwa mwaka, yaani 60,000 kwa mwezi. Kwa hiyo mtu wa mshahara kama wako angekatwa 120,000 na nusu yake isingepunguza deni. Rais Samia alitangaza kuifuta siku ya Mei Mosi mwaka 2021, na adhabu ya asilimia 10 kwa waliochelewa nayo ikaondolewa. Hiyo ndiyo nafuu kubwa iliyopatikana, na inafungua mlango wa nyingine, kwa sababu deni lisilo na tozo haliongezeki hata likilipwa taratibu.

Ningependa sheria iseme hivi: ziachwe zile 270,000 kama kodi inavyoziacha, na makato yahesabiwe kwa kinachozidi. Kwako yangeshuka kutoka 120,000 hadi 79,500. Deni la milioni 12 ambalo sasa lingekwisha kwa miezi 100 lingechukua miezi 151 hivi. Ni muda mrefu, lakini zile 40,500 kila mwezi ni sehemu ya pango la nyumba kwa kijana anayeanza maisha. Uingereza hukata asilimia 9 ya kipato kinachozidi kiwango fulani, na Australia imefungamanisha marejesho na kipato tangu mwaka 1989, kwa hiyo jambo hili limekwisha kujaribiwa. Najua Bodi itauliza pengo la marejesho litajazwa na nani. Jibu langu ni kwamba wenye mishahara minono wanaweza kupandishiwa kiwango, na waliojiajiri wavutwe kwa masharti yanayobebeka. Sasa hivi sheria inamtaka aliyejiajiri alipe kiasi kisichopungua shilingi 100,000 kwa mwezi. Mhitimu anayeendesha bodaboda Tandale akisikia hivyo hujificha, na Bodi hukosa hata ile 20,000 ambayo angeweza kuitoa.

Na tusidhani ada ndiyo inayokifanya chuo kiwe ghali. Katika chuo cha umma ada ni kati ya milioni moja na milioni moja na nusu kwa mwaka. Kinachomaliza wanafunzi hapa mjini ni kuishi. Bumu, yaani fedha ya kujikimu inayotoka kwenye mkopo, lilipandishwa mwaka 2022 kutoka 8,500 hadi 10,000 kwa siku, nalo ni la kula, kulala na mara nyingi nauli. Hosteli zilizofunguliwa Mlimani mwaka 2017 huchukua wanafunzi 3,840, na wengi wanaokosa nafasi chuoni hutafuta geto, yaani chumba cha kupanga, Sinza, Msewe au Changanyikeni, ambako mwenye nyumba hudai kodi ya miezi sita kwa mkupuo wakati bumu huja kwa mafungu. Ukinipa uchaguzi kati ya kupunguza ada na kujenga hosteli, nitajenga hosteli, kwa maana kila kitanda cha chuo ni fedha ambayo mwanafunzi hatalazimika kuikopa.

Haya yapeleke kwenye chama chenu cha wafanyakazi, kwa maandishi na kwa hesabu, mkiomba sheria irekebishwe. Mkienda na neno la kufuta tu, hamtasikilizwa. Wakati huohuo omba Bodi ikupe taarifa ya deni lako, uilinganishe na salari slipu mwezi kwa mwezi, na slipu hizo usizitupe. Mdogo wako tumeshapeleka cheti chake cha kuzaliwa RITA, wakala wa Serikali wa usajili wa vizazi na vifo, kwa uhakiki, na zile 30,000 za maombi ya mkopo nimeziweka kando, kwa hiyo usitume chochote mwezi huu.

Mama yako