Ukipanga chumba kwa familia ya Pune, anza na jina la mjomba

Siku yangu ya pili Pune, mji wa magharibi mwa India, niliambiwa, "Jioni mama anakuja." Nikavaa shati safi. Akaingia mzee wa masharubu mazito, kashika mfuko wa maembe. Kwa Kimarathi, lugha ya huko, mama ni mjomba. Kaka ni ndugu wa kiume wa baba, na dada ni ndugu yako mkubwa wa kiume. Mwenye nyumba wangu, mtu mzima mwenye mvi, nikamwita kaka miaka mitatu, na mkewe Kaku, yaani mke wa kaka.

Ndiyo maana mwanafunzi akiniuliza kuhusu kupanga ndani ya familia badala ya hosteli, humwambia ajifunze majina ya ndugu kabla ya kujifunza kuhesabu kwa Kimarathi. Ukijua nani ni nani, unajua nani anaulizwa nini. Mjomba yule hakuwa mgeni wa maembe tu. Kwenye harusi ya Kimarathi yeye ndiye anayemsindikiza bibi harusi hadi kwa mwenzake, na nyumba ile ilikuwa na binti.

Kosa langu kubwa lilikuwa friji. Biriani ya kuku niliyonunua mtaani ilibaki, nikaiweka humo, kwenye nyumba isiyopika nyama wala yai. Kijana wao alishanipakia kwenye skuta mara mbili kwenda kula mbuzi, kwa hiyo nikadhani mambo ya kizamani yamekwisha. Hakuna aliyefoka. Asubuhi nilikuta friji tupu, mlango wazi, Kaku anasugua rafu moja baada ya nyingine, na bibi yao, Aji, amekaa kitini anatazama. Niliona aibu mpaka nikakosa pa kuweka mikono. Kijana akanivuta kando: "Nje kula utakacho. Jiko ni la Aji."

Na Aji alijua vizuri sana mjukuu wake anakula nini. Hakuuliza tu. Mengi nyumba ile yalikwenda kwa kutoulizwa, kwa hiyo usiwe wewe wa kuuliza mezani mbele ya wote. Utawalazimisha kujibu, na jibu litakuwa hapana.

Mke wa kijana alifanya kazi ya kompyuta Hinjawadi, eneo la kampuni za teknolojia, mikutano na Marekani hadi usiku. Nani apike chapati za watu saba alfajiri? Aji hakutaka mkono wa nje jikoni. Mwishowe akaajiriwa mwanamke wa kupika chapati za kila siku, lakini vyakula vya kumtolea Ganesha, mungu wa Kihindu mwenye kichwa cha tembo, kwenye sikukuu yake hupikwa na wenyewe. Mkwe huomba likizo siku hiyo, anakaa chini na Aji wanakunja modak, vitumbua vitamu vya unga wa mchele, ndani nazi na sukari guru. Zile ukipewa usikatae, hata kama umeshiba.

Kuhusu binti, nilijifanya mjuaji. Wasifu wa wachumba ulikuwa unaingia WhatsApp, nyota zinalinganishwa kwa programu ya simu, nami nikamwuliza kama anaozeshwa kwa nguvu. Akacheka. Alishakataa wanne. Na wa tano walizungumza miezi mitatu kabla hajakubali, na swali lake la kwanza lilikuwa kama ataendelea kuwatumia wazazi wake sehemu ya mshahara.

Mengine utayazoea haraka. Viatu nje. Chupa ya maji ya wote mimina mdomoni bila kuigusa kwa midomo. Usionje mchuzi kwa kijiko kisha ukakirudisha sufuriani. Aji akifunga siku ya Ekadashi, siku ya mfungo ya Wahindu, usishangae kumwona anakula viazi na karanga. Anachoacha ni wali na nafaka nyingine. Aji humlipa muuza mboga kwa simu, na ukimfundisha kitu chochote cha simu ataona umemdharau.

Siku unaondoka, usiseme "naenda". Mimi nilisema, na Aji akanirudisha mlangoni nianze upya: "Yeto." Nakuja.